Filamu Isiyo na Stelingi

Mdomo hakuwa na cheti cha shule yoyote ya mchana. Hakuwa na meno mawili ya juu, upande wa kushoto, na kwa sababu hiyo maneno yake mengine yalitoka na upepo kidogo. Hakuwa na gari, hakuwa na baiskeli, hakuwa na viatu vya akiba. Hakuwa na mke, maana mkewe alifariki miaka kumi na minne iliyopita. Hakuwa na mtoto wa kiume, na hakujiona amepungukiwa. Katika lugha tano za kigeni alizozitafsiri mbele ya watu kila siku ya kazi, hakuijua hata moja. Na kubwa kuliko yote, hakuwa na uwezo wa kunyamaza. Kukosa chakula cha mchana aliweza. Kukaa robo saa bila kusema neno kulimshinda kabisa.

Kazi yake ilikuwa kutafsiri sinema katika ukumbi wa video ulio nyuma ya soko. Ukumbi wenyewe ulikuwa na mabenchi kumi na nane, feni moja ya dari, spika mbili, na ukuta uliopakwa chokaa ili picha ionekane vizuri. Mdomo alikaa kwenye kigoda kirefu kando ya projekta, kipaza sauti mkononi, akawaeleza watu kila kitu: wanachosema wale kwenye picha, wanachofikiri, walichokosea na kitakachowapata. Asubuhi huiangalia filamu peke yake mara moja tu, akiandika katika daftari. Kila mtu wa kwenye picha alimpa jina ambalo watazamaji hawatalisahau. Adui mmoja alimwita Kikohozi, mwingine Bwana Kola. Shujaa hakuhitaji jina, kwa kuwa shujaa katika ukumbi wowote wa video huitwa stelingi. Yaliyobaki aliyatunga. Filamu moja ya madaktari na ugonjwa wa kuambukiza aliwahi kuigeuza kuwa ugomvi wa urithi, watu wakalia, na kesho yake wakarudi na wake zao.

Sheria yake ilikuwa moja. Ikisikika feni, umewapoteza watu. Kwa hiyo feni haikusikika.

Binti yake alikuwa kinyume chake. Majirani walisema baba alikula fungu la maneno la mtoto tangu mtoto akiwa tumboni. Alikuwa na miaka ishirini na mitatu, na alifanya kazi katika studio ya picha za vitambulisho karibu na mahakama. Kutwa nzima aliwanyoosha watu kola, akawaambia, "Tazama hapa, usicheke," akapiga, akachapisha, akakata picha nne nne kwa kisu cha mkono. Jumapili mwenye studio alimwazima kamera. Kwa Jumapili za miezi minane alitengeneza filamu ya dakika kumi na moja. Aliyeigiza ndani yake alikuwa mama yake mdogo, mshonaji, ambaye pia aliunganisha mashuka ishirini na sita kwa mkono wake ili kupata mkono mmoja wa shati, mrefu kama binti alivyoutaka.

"Inahusu nini?" Mdomo alimuuliza siku moja, wakila.

"Haihusu kitu, baba. Ipo tu."

"Kitu hakiwezi kuwepo tu. Hata kiti kinahusu kukaa."

"Basi inahusu kuitazama."

"Stelingi ni nani?"

"Hakuna."

"Adui?"

"Hakuna, baba."

Mdomo aliweka kijiko chini. "Mama," alisema, kwani ndivyo alivyomwita mwanawe tangu utotoni, "mimi nimekaa kwenye kile kigoda miaka thelathini na moja. Nakwambia kwa mapenzi. Filamu isiyo na stelingi na isiyo na adui, hiyo ni dirisha."

Binti alifikiri kidogo. "Ndiyo," akasema. "Umepatia."

Mdomo hakujua kama amesifiwa au amechekwa.

Filamu ile haikutengenezwa kwa kujifurahisha. Katika mji mwingine kulikuwa na chuo cha filamu kilichochukua wanafunzi kumi na wawili kwa mwaka. Hawakujali sana vyeti. Walitaka filamu fupi, na walitaka ioneshwe kwa watu wa kawaida huku mwalimu wao mmoja akiwa amekaa katikati yao, aitazame filamu na awatazame watu. Mtu aliruhusiwa kuomba mara mbili tu maishani. Binti alikwisha omba mwaka uliopita, akakosa. Hii ilikuwa ya pili. Akikosa tena angekata picha za vitambulisho mpaka macho yachoke.

Mdomo ndiye aliyekwenda kuuomba ukumbi. Mwenye ukumbi, ambaye wote walimwita Bosi, alikuna kidevu.

"Dakika kumi na moja?"

"Kumi na moja tu, Bosi. Jumamosi saa tisa alasiri, kabla ya picha kubwa. Watu wanakuwa wamekwisha kaa."

"Na wewe unaitafsiri?"

"Haina maneno."

"Ndiyo nauliza. Haina maneno, na wewe utakuwa wapi? Utafungwa kamba?"

"Nimekula kiapo," alisema Mdomo kwa heshima yake yote. Bosi akacheka mpaka akakohoa.

Binti naye hakucheka alipokiona kipaza sauti mkononi mwa baba yake, asubuhi ya Jumamosi.

"Hicho kiache nyumbani."

"Nina kazi ya picha kubwa baadaye. Nitakizima."

"Baba."

"Nitakizima, mama. Nimesema. Mimi ni mtu mzima."

Ukumbi ulijaa. Mwalimu wa chuo alikuwa mwanamke wa makamo, mwenye miwani na begi la ngozi lililochakaa vizuri. Alikaa benchi la sita, kati ya wauza viazi wawili. Binti alikaa benchi la mbele kabisa, pembeni. Mama mdogo hakuja. Alisema hawezi kujiona mwenyewe ukutani, mkubwa namna ile, mbele za watu. Mdomo alipanda kigoda chake, kipaza sauti kimezimwa na kulazwa mapajani, na picha ikaanza.

Kulikuwa na chumba, na sakafuni maji yaliyofika kwenye vifundo vya miguu. Mwanamke amesimama mezani anapiga pasi shati jeupe. Mvuke unapanda. Akimaliza analitia shati majini, analitoa likichuruzika, anaanza upya. Vifungo vinaelea juu ya maji vikizunguka miguu yake, polepole, kama vinatafuta kitu. Anakuja kwenye mkono wa shati. Anaupiga pasi, anausukuma mbele, anaupiga pasi, na mkono hauishi. Unashuka mezani, unatoka dirishani, unavuka barabara. Watu wanapita juu yake na vikapu vyao bila kuutazama. Sauti ilikuwa ya maji tu, na pasi ikiteleza.

Dakika ya kwanza watu walitulia. Ya pili walianza kujikohoza.

"Mdomo, umelala?" sauti ilitoka nyuma.

"Amemeza kipaza sauti."

"Huyu mama anapiga pasi mpaka lini?"

"Mpaka stelingi aje."

"Stelingi mwenyewe ni shati!"

Vicheko. Mtu mmoja akainuka, benchi likakwaruza sakafu, mwenzake naye akainuka. Katika nafasi iliyobaki Mdomo alisikia kitu ambacho hakuwa amekisikia katika ukumbi ule kwa miaka mingi. Alisikia feni.

Alimtazama mwalimu. Mwalimu aliandika kitu kifupi katika kijitabu chake. Alimtazama binti yake, akaona shingo imeinama. Wanatoka, alijiambia. Wanamkimbia mtoto wangu, na mimi nimekaa na dawa mapajani. Hakufikiri zaidi ya hapo. Kidole gumba chake kilikuwa kimekwisha washa.

"Ndugu watazamaji!" alisema, na ukumbi mzima ukashusha pumzi. "Poleni kwa kusubiri, nilikuwa namwachia Mama Pasi ajitambulishe. Mama Pasi huyu hapa ana harusi kesho. Bwana harusi mmemwona? Hamjamwona, kwa sababu yuko mbali, na mkono wake mnauona wenyewe. Fundi aliyepima alikuwa amelewa!"

Waliokuwa wamesimama wakakaa. Mwanamke ukutani alilowesha kidole kwa ulimi, akaugusa uso wa pasi.

"Hapa anaonja kama imekolea chumvi!"

Watu wakaanguka kwa kicheko, wauza viazi wakipigana mabega, na mwalimu akiwa katikati yao akivua miwani na kuifuta. Mdomo alishika kasi. Mkono wa shati ulipopanda ngazi za jengo kubwa, alisema unakwenda kumkamata bwana harusi kwenye maficho yake. Ulipoingia katika ukumbi mrefu wenye vigae vyeupe, alimwita mlinzi ambaye hakuwepo, akabishana naye, akajibu kwa sauti mbili. Na ulipofika mwisho, kwenye kitanda kitupu kilichotandikwa, kifungo cha mkono kikiwa kimefungwa bila kiganja ndani yake, Mdomo alishusha sauti, kwa maana alijua ustadi wa kuwaliza watu baada ya kuwachekesha.

"Amekimbia," alisema. "Kaacha kitanda. Mama Pasi, kunja shati lako."

"Wanaume nyie!" mwanamke mmoja alipiga kelele kwa uchungu wa kweli. Makofi yakavuma mpaka vumbi la chokaa likadondoka ukutani.

Binti alitoa diski katika mashine, akaifuta kwa upindo wa blauzi, akaitia katika bahasha yake. "Ahsante, baba," alisema, akaenda nyumbani kwa miguu.

Siku tisa Mdomo aliishi akiamini kuwa ameshukuriwa.

Siku ya kumi barua ya chuo ilifika. Binti aliisoma akiwa amesimama mlangoni, akampa baba yake. Mdomo alijifunza kusoma akiwa na miaka thelathini na minne, katika masomo ya watu wazima, darasa la jioni, na tangu hapo hakuwahi kuisoma barua bila kukaa na kuvaa miwani. Alikaa. Alivaa miwani. Alisoma kwamba binti amekubaliwa. Alisoma kwamba walimu wamefurahishwa hasa na wazo lake la kumweka mzee mcheshi anayeisimulia picha kwa namna isiyolingana kabisa na kinachoonekana, na kwamba kwa kipaji hicho atawekwa katika kundi la waandishi wa vichekesho. Athibitishe kwa maandishi kabla ya mwisho wa mwezi.

"Umepata!" Mdomo aliruka, kiti kikaanguka. "Mama, umepata! Kumi na wawili nchi nzima, na wewe mmoja wao! Niache nimwite jirani."

"Usimwite mtu."

"Kwa nini nisimwite?"

"Siendi."

Mdomo aliinua kiti, akakiweka vizuri, akakikalia. "Sema tena."

"Wamechukua filamu yako, baba. Ya kwangu hawajaiona."

"Ya kwako ndiyo ile ile! Mimi nimeongeza maneno. Nimetia chumvi kidogo."

"Wanadhani ile sauti imo ndani. Wanadhani niliipanga. Nikienda, kila siku nitaulizwa nichekeshe, na mimi sijui kuchekesha."

"Utajifunza. Mimi nani alinifundisha?"

"Sitaki kujifunza hicho."

"Watu walikuwa wanatoka," alisema Mdomo, na sasa sauti yake ilikuwa ndogo. "Niliona. Na wewe uliinamisha kichwa kwa aibu, nilikuona. Ningekaa nikutazame?"

"Sikuwa na aibu. Nilifumba macho nisikilize maji. Wawili walisimama, sawa. Na waliobaki? Ulijuaje kama wangetoka? Na mwalimu, ulimwona akiinuka?"

Mdomo alianza kuongea: kuhusu watazamaji wa siku hizi, kuhusu uvumilivu, kuhusu mwaka ambao projekta iliungua na yeye akasimulia picha nzima gizani bila picha. Binti alimwacha amalize. Kisha alisema jambo ambalo hakuwahi kulisema.

"Siku ya mazishi ya mama ulinishika mkono. Unakumbuka?"

"Nakumbuka. Ulikuwa na miaka tisa."

"Ulikuwa unanieleza. Tangu asubuhi. Huyu ni shangazi yako, analia hivi kwa sababu walikosana mwaka jana. Wale ni wa kazini kwa mama. Sasa wanamtoa. Sasa wataomba. Usiogope, sasa watatia udongo, kila mtu anatia kidogo. Sekunde hata moja hukuniacha."

"Nilitaka usiogope."

"Najua, baba. Najua. Lakini sikumwona mama akiondoka. Nilikusikia wewe."

Nje mtu alikuwa akigonga bati kwa nyundo. Binti alisubiri mpaka fundi yule akapumzika.

"Ile filamu," binti alisema, "ni mahali pa kunyamaza tu. Nilitaka mahali kama hapo."

Jumatatu iliyofuata, saa nne ya asubuhi, Mdomo alikwenda kwa Bosi akaomba funguo. Bosi aliuliza ni za nini. Mdomo alisema, "Kuangalia picha." Bosi alisubiri maelezo yaliyozoeleka, hayakuja, akampa funguo haraka kama mtu aliyepewa habari ya ugonjwa.

Binti aliiweka diski. Baba yake alipoelekea kwenye kigoda, alimzuia. "Kaa hapa," akamwonesha benchi la sita. Mdomo akakaa. Hakujua aiweke wapi mikono yake, kwani kwa miaka thelathini na moja mkono mmoja ulikuwa na kazi. Aliikalia.

Feni ilizunguka. Maji yakafika kwenye vifundo vya miguu. Mwanamke akaanza kupiga pasi.

Dakika ya kwanza maneno yalimjaa kinywani kama mate. Mama Pasi, bwana harusi, fundi mlevi, wote walikuja wakapanga foleni kwenye ulimi. Aliwameza mmoja mmoja. Dakika ya pili shingo ilimuuma. Dakika ya tatu alitazama vifungo vinavyoelea, akajikuta anazihesabu pumzi zake navyo, na ghafla maneno hayakuwepo tena, palibaki mvuke na ule mlio wa chuma kikiteleza juu ya kitambaa chenye maji.

Kisha mwanamke akalowesha kidole kwa ulimi, akaigusa pasi. Tss. Akakilowesha tena, akaigusa tena. Tss.

Mara mbili. Mkewe alifanya hivyo mara mbili. Mara moja ingetosha, na katika siku zao za kwanza aliwahi kumtania: ya kwanza ni ya pasi, ya pili ya nani? Naye akajibu bila kugeuka, "Ya kwako wewe, mpiga kelele." Alipiga pasi nguo za watu chumba cha nyuma, asubuhi mpaka mchana, na mlio ule mdogo ulikuwa saa ya nyumba yao. Miaka kumi na minne Mdomo aliwasimulia watu habari za mkewe: alivyokuwa mpole, alivyokuwa mchapakazi, alivyougua, alivyompa neno la mwisho. Alisimulia vizuri, watu wakatikisa vichwa. Kidole hakikuwahi kuwemo katika simulizi hata siku moja. Alikuwa amekisahau. Na kilipokuja ukutani, kikubwa kama mlango, mbele ya watu wote, yeye alikuwa akisema habari za chumvi.

Mkono wa shati, uliokwisha kuvuka barabara, ukapanda ngazi. Mdomo alilijua lile jengo. Alizijua zile ngazi, alizipanda kila alasiri kwa wiki tano mkewe alipolazwa. Mkono ulipita kwenye vigae vyeupe, ukafika kitandani, ukasimama pale, umefungwa kifungo. Picha ilikaa hapo bila kwenda popote. Jumamosi ile aliona imekaa sana. Leo aliona ingeweza kukaa zaidi.

Ukuta ukawa mweupe. Binti alikuwa amesimama kando ya mashine.

"Umeelewa?" aliuliza.

Mdomo alitikisa kichwa.

"Rudisha kidogo," alisema hatimaye. "Pale kwenye kidole."

Binti alirudisha. Walitazama. Alirudisha tena bila kuambiwa, na mara ya tatu alikuja akakaa benchi la sita kando ya baba yake, wakatazama pamoja.

"Nani alimwambia mama yako mdogo afanye mara mbili?"

"Mimi."

"Ulikuwa unakumbuka."

"Nilikuwa nakaa chini ya ile meza, baba. Wewe ulikuwa kazini."

Jioni ile, kabla taa hazijawashwa, Mdomo alinunua karatasi yenye mistari na bahasha ngumu. Alimwambia binti yake kuwa ataandika yeye, kwa kuwa aliyeharibu ni yeye.

"Wanaweza kuniondoa," binti alisema. "Wakijua."

"Wanaweza. Ndiyo nakuuliza kwanza. Ukisema nisiandike, siandiki, na ukiamua kwenda na zile sifa zangu za bure, nitakubebea sanduku mpaka kituoni na sitasema kitu. Naona unacheka. Nitajitahidi nisiseme kitu."

Binti alikuwa anacheka kweli, kidogo, kwa pua. Kisha akaacha. "Andika. Wakinikataa, watakuwa wameikataa ya kwangu. Hiyo nitaweza kuivumilia."

Mdomo aliandika siku mbili. Mwandiko wake ulikuwa mzuri, aliusomea, na alijivunia hasa herufi kubwa. Siku ya Jumatano alimletea binti kurasa tatu. Binti alisoma ya kwanza, akaguna kwa kukubali. Alisoma ya pili, kalamu mkononi.

"Hapa umeeleza maana ya maji."

"Kwa ufupi tu."

"Na hapa maana ya vifungo."

"Yule ni mwalimu, ana mambo mengi. Namrahisishia."

"Baba, umemtafsiria."

Binti alipiga mstari ukurasa wa pili wote, kutoka kona hadi kona, na nusu ya wa tatu. Alibakiza sentensi ya mwisho kabisa, akaitazama kwa muda mrefu. Ilisema: *Tafadhali usiache kuangalia dakika ya nne, kwenye kidole.*

"Hii nayo," alisema taratibu.

"Hiyo moja niachie, mama. Hiyo moja tu. Asipoiona je?"

"Basi hataiona."

"Inaniuma."

"Mimi pia inaniuma. Miezi minane iliniuma. Ndiyo kazi yenyewe."

Mdomo aliichukua kalamu akaifuta mwenyewe, kwa mstari mmoja ulionyooka. Halafu akavuta karatasi mpya, akaandika upya, na safari hii barua ilitosha upande mmoja:

*Mwalimu mheshimiwa,*

*Sauti uliyoisikia siku ile ukumbini haimo katika filamu. Ni yangu mimi, baba yake. Ni kazi yangu ya kila siku. Binti yangu alinikataza nisiseme, nikamwahidi, kisha nikaogopa kwamba watu watatoka, nikasema. Habari za harusi nilizitunga palepale. Yeye hakuzijua na hakuzitaka.*

*Filamu yenyewe iko katika diski hii. Nakuomba uitazame bila mimi, mahali penye utulivu. Mkiona haifai, mwondoeni, naye ameridhika iwe hivyo. Mkiona inafaa, basi msimweke kwenye vichekesho.*

*Mimi nimeitazama mara nne.*

Binti aliisoma, akaikunja mara tatu, akaitia katika bahasha pamoja na diski iliyofungwa kwa kipande cha flana. Mdomo alilamba gundi, akafunga, akapitisha kidole gumba ukingoni mara kadhaa mpaka karatasi ikashika.

Posta walikwenda pamoja saa ya mapumziko ya studio. Karani nyuma ya dirisha aliipima bahasha, akaitikisa karibu na sikio.

"Ndani kuna nini, mzee?"

"Barua na diski," alisema Mdomo.

"Diski ya nini?"

"Filamu."

Karani alisubiri kidogo, akaandika kwenye fomu, akabandika stempu mbili na kuzigonga muhuri. Akaitupa bahasha katika gunia lililokuwa wazi nyuma yake. Ilianguka juu ya barua nyingine, ikateleza, ikakaa.